Mtaro wa Bi Sikitu

Nchi yenyewe sitaitaja. Si kwamba naogopa. Ni kwamba wenye nchi walikwisha kupitisha amri kuwa jina lake lisitamkwe bila kutanguliwa na sifa zake kumi na nne, na mimi karatasi yangu ni ndogo. Itoshe kusema kwamba ni nchi nzuri, ina serikali inayowajali watu wake mpaka wanachoka, na huko kwenu mambo ya namna hii hayapo.

Katika nchi hiyo alikuwepo mtu anaitwa Lutengano, tarishi wa Idara ya Vipimo. Alikuwa na miaka ishirini na saba, mrefu, mwembamba, mtu wa maneno machache. Hakuwa na mke wala ndugu. Alikuwa na mama yake, Bi Sikitu, na Bi Sikitu naye alikuwa na huyo mwanawe tu, basi. Nyumba yao ilikuwa pembeni mwa mji, na mbele ya nyumba hiyo palikuwa na mtaro.

Mtaro huo una historia yake. Miaka tisa kabla ya habari hii, serikali iliamua kuwaletea wananchi maji ya bomba, ikaanza kuchimba mtaro wa kulaza mabomba. Ulipofika kwa Bi Sikitu, kamati ya wataalamu iligawanyika. Nusu walitaka upite mbele ya nyumba, nusu walitaka upite nyuma. Walibishana wiki sita, watu wakaanza kununiana, mpaka sauti ya juu ikaagiza kwamba umoja wa kitaifa ni mkubwa kuliko mtaro. Basi kwa ajili ya umoja wa kitaifa mtaro ukapita mbele na nyuma, ukakutana tena upande wa pili na kuendelea na safari yake. Bi Sikitu akabaki katikati na jiko lake, choo chake, mpapai mmoja na kuku saba. Mabomba hayakuwahi kuja, lakini mtaro wenyewe ulizinduliwa mara tatu.

Upana wake ulikuwa mita sita na nusu, na kina chake kiasi cha watu wawili kusimama mmoja juu ya mabega ya mwenzake. Kuta zilichongwa wima, maana fundi alikuwa mtu wa kujali kazi yake. Utauliza, kwa nini wasishuke wakapanda upande wa pili? Sheria ya Kulinda Miradi ilikataza raia kushuka katika mtaro, kupanda kutoka katika mtaro, na kuonekana ndani ya mtaro. Na ubao je? Wizara ya Madaraja ilisema ubao wowote unaozidi urefu wa mkono ni daraja, na daraja halijengwi pasipo mto. Wizara ya Mitaro ikasema yenyewe inashughulika na vilivyochimbwa, vilivyotandikwa juu haviihusu. Barua zilikwenda zikarudi, na aliyezibeba kutoka ofisi hii hadi ile alikuwa Lutengano mwenyewe, kwa kuwa ndiye tarishi.

Hapo ndipo alipopata nafasi ya kuisoma sheria yote, akiwa amekaa kwenye mabenchi ya kungojea majibu. Aliisoma mara tatu. Ilitaja chini, ilitaja juu ya mtaro kwa maana ya mbao, kamba na magogo. Kuhusu hewa haikusema kitu.

Siku ya kwanza, akiwa amezuiliwa upande wa mjini, alikuwa na miaka kumi na minane. Alirudi nyuma hatua thelathini, akafunga begi la unga mgongoni, akakimbia, akaruka. Alitua ukingoni kabisa, udongo ukaanza kummeguka miguuni, na Bi Sikitu akamdaka kwa kola ya shati. Walikaa chini wote wawili wakitweta, kisha mama akamtandika kofi la mgongo, halafu akalia.

Tangu siku hiyo ikawa ndiyo njia yake. Asubuhi alikimbia kutoka mlango wa jikoni, akapita ubavuni mwa mpapai, akaruka kwenda kazini. Jioni mapema alirudi, na Bi Sikitu alikuwa amekwisha kusimama ukingoni, mkono ameunyosha mbele. "Njoo, baba," alikuwa akimwambia, na Lutengano alikuwa akiuangalia ule mkono tu. Hakuangalia chini, wala hakujua kwamba anaruka mbali. Alijua anakwenda kwa mama.

Kati ya asubuhi na jioni Bi Sikitu alikaa peke yake. Miaka ya mwanzo majirani walikuja ng'ambo ya mtaro kupiga soga kwa kupaza sauti, lakini kuzungumza habari za watu kwa kupiga kelele kuna karaha zake, wanaosemwa nao wanasikia. Wakapungua mmoja mmoja. Jirani wa mwisho alikuja mwaka wa nne, akasema atarudi keshokutwa. Bi Sikitu aliendelea kumwekea kiti.

Mtu mwingine aliyekuwapo pale ni Bwana Chitumbi, mlinzi wa mtaro. Alikuwa na filimbi, kofia, na daftari kubwa. Kila Lutengano aliporuka, Chitumbi aliandika: "Raia amepita hewani. Hakuna kosa." Kwa miaka tisa aliandika hivyo mara elfu sita mia mbili na kumi.

*

Sasa ikaja barua kutoka nchi za mbali, nchi za baridi, ambako watu walikuwa wamebuni jambo jipya: kukusanya mataifa yote mahali pamoja washindane kukimbia, kuruka na kutupa vitu vizito. Ilikuwa mara ya pili tu mashindano hayo kufanyika, na sheria zake zilikuwa bado hazijakauka wino. Kila taifa liliombwa kuleta mtu wa kuruka mbali.

Barua iliangukia mezani kwa Mheshimiwa Bwakila, Waziri wa Mitaro na Michezo. Usishangae. Baraza lilipopangwa upya, wizara hizo mbili ndizo zilizobaki bila mwenyewe, zikaunganishwa.

"Kuruka mbali kufika wapi?" aliuliza Waziri.

"Popote, Mheshimiwa," alijibu katibu wake. "Mtu anakimbia, anaruka, anaangukia mchangani, wanapima."

"Na huko mchangani kuna nini?"

"Mchanga, Mheshimiwa."

Waziri alitafakari. "Akishinda?"

"Taifa zima linakuwa limeshinda."

"Ahaa. Hapo umesema."

Walijaribu kwanza watoto wa wakubwa, kama ilivyo haki yao. Wa kwanza aliteguka kifundo cha mguu akivaa viatu. Wa pili aliruka vizuri, ila akaenda upande. Ndipo karani mmoja, akitafuta karatasi ya kufungia maandazi, alipofungua daftari la Chitumbi lililopelekwa wizarani kwa ukaguzi, akaona: raia amepita hewani, raia amepita hewani, kurasa kwa kurasa.

Kesho yake msafara wa Waziri ulifika mtaroni. Viti vikapangwa. Mheshimiwa Bwakila alisimama, akakohoa, akafungua karatasi.

"Wananchi! Kuna watu wasioitakia mema nchi hii waliokuwa wakiuliza: mtaro huu ni wa nini? Leo tunawajibu. Serikali yenu iliona mbali! Wakati wengine wanachimba mitaro ya maji, sisi tulichimba mtaro wa kuzalisha mashujaa!"

Watu wakapiga makofi. Bi Sikitu, aliyekuwa amesimama upande wake wa mtaro na mkono sikioni, akauliza kwa sauti, "Anasema nini?"

"Anasema nimechaguliwa, mama," akajibu Lutengano.

Waziri akamgeukia. "Kijana, taifa linakutuma. Sema haja yako. Ukishinda, utapewa."

Hakuna aliyetegemea jibu, maana katika nchi ile swali la namna hiyo hujibiwa kwa kusema ahsante. Lakini Lutengano akasema, "Mheshimiwa, naomba mtaro wa mama ufukiwe. Upande wa mbele tu. Watu waweze kuja kumsalimu."

Waziri akamtazama katibu, katibu akatazama viatu vyake.

"Utafukiwa!" Waziri akanguruma, na makofi yakalipuka.

"Anasema nini?" akauliza Bi Sikitu.

"Anasema watafukia."

"Lini?"

"Nikishinda."

Bi Sikitu akafanya hesabu ya siku: kumi na sita za kwenda, kumi na sita za kurudi, na za huko katikati. Siku arobaini pasipo mtu wa kusema naye. Lutengano aliiona ile hesabu usoni mwake, moyo ukamuuma, akakaribia kusema haendi.

"Haya," mama akasema. "Huko ni baridi. Chukua sweta."

Suala la chakula Waziri alilimaliza papo hapo. Bwana Chitumbi aliagizwa kumrushia mama unga na chumvi kila wiki, akiwa amesimama ng'ambo, kwa kuwa vinavyopita hewani havina kosa.

*

Msafara ulikuwa wa watu ishirini na watatu. Alikuwepo Waziri, katibu wake, msoma hotuba, msaidizi wa msoma hotuba, mbeba bendera, daktari wa tumbo la Waziri, Mkurugenzi wa Mchanga, na wengine ambao kazi zao zilikuwa za siri. Juu yao, mrukaji alikuwa mmoja.

Melini Lutengano alipata shida ambayo hakuitarajia. Itifaki ya nchi ile ilisema mtu asiye na cheo haongei na mwenye cheo ila kwa maandishi, kupitia kwa katibu. Na katika meli ile kila mtu alikuwa na cheo isipokuwa yeye. Asubuhi ya kwanza alikutana na Waziri kwenye ngazi, akasema, "Shikamoo, Mheshimiwa." Waziri akapita. Siku ya tatu akaletewa barua yenye muhuri: "Salamu yako imepokelewa na kujadiliwa. Marahaba."

Hakusalimu tena. Kwa siku kumi na sita alikaa nyuma ya meli peke yake, amevaa sweta la mama. Ilipofika jioni mapema, saa ile ya kurudi nyumbani, miguu yake yenyewe ilianza kuwasha. Alisimama, akatazama maji, akakaa tena. Alijiuliza nani anayesimama ukingoni sasa. Bila shaka mama bado anasimama kwa mazoea, na bila shaka anaunyosha mkono, kisha anaurudisha. Fikra hiyo ilimtia uchungu kuliko kitu chochote alichowahi kukijua.

Walipofika, hoteli ilikuwa na vyumba ishirini na vitatu tu. Mwili wa mrukaji ni mali ya taifa, akaeleza katibu kwa maandishi, na mali ya taifa huwekwa stoo. Basi Lutengano akalala uwanjani, katika stoo ya nyavu, mipira na fito ndefu, na kwa kweli palikuwa pakavu.

*

Siku ya mashindano meya wa mji ule aliwaalika wageni chakula cha mchana. Mwaliko ulisema, "Anayependa." Msafara wote ulipenda. Lutengano akaenda uwanjani peke yake, mkononi ana karatasi yenye jina lake. Mlangoni wakamuuliza kwa ishara, taifa lako liko wapi? Akajigusa kifua. Wakacheka, wakampitisha.

Mashindano yalikuwa bado machanga, kama nilivyosema. Wengine waliruka na viatu, wengine na soksi, mmoja aliruka na tai. Mchanga ulikuwa umeazimwa kwa mjenzi fulani aliyekuja kila baada ya saa kuuhesabu kwa macho. Waamuzi walikuwa watatu, wana kofia ndefu na futi ya fundi cherehani ya kupimia. Warukaji walikuwa kumi na mmoja, kila mmoja nafasi tatu. Na kila mmoja alikuwa na watu wake pembeni: makocha, wake zao, ndugu, wakipunga vitambaa.

Mrukaji mmoja mwenye ndevu nyekundu ndiye aliyeongoza, mita saba na sentimita kumi na mbili. Alimwona Lutengano anatetemeka akamtupia koti lake mabegani bila kusema neno. Lilikuwa jambo la kwanza jema kumpata tangu atoke nyumbani, na kidogo limtoe machozi.

Zamu yake ya kwanza alikimbia vizuri, akaruka, akaangukia mchangani. Mita tano na sentimita themanini. Mtu wa nane. Mara ya pili ilikuwa mbaya zaidi. Alifika kwenye ubao wa kurukia, akasimama kabisa, akawa anautazama ule mchanga. Waamuzi walinong'onezana. Kumbe alikuwa akitafuta kitu na hakioni. Hapakuwa na shimo, hapakuwa na unga mgongoni, na ng'ambo ile hapakuwa na mtu. Miaka tisa alikuwa anaruka kwenda kwa mtu. Hapa walitaka aruke tu, aende asikojua, na hilo hakuwahi kufundishwa. Akarudi kukaa.

Ilibaki mara moja. Akafikiria mtaro. Akafikiria kiti kile alichowekewa jirani wa keshokutwa. Kisha akamwona mzee mmoja mwenye reki, ambaye kazi yake ilikuwa kuusawazisha mchanga kila baada ya mtu kuruka. Alikuwa mzee mkavu, amevaa aproni, na hakuna aliyekuwa akimtazama. Lutengano akamwendea, akamshika bega taratibu, akamsimamisha mwisho wa mchanga, akamnyosha mkono mbele hivi. Mzee akamtazama usoni kwa muda. Sijui alielewa nini, lakini aliweka reki chini na kuuacha mkono palepale.

Waamuzi wakakimbilia kitabu chao. Walikisoma mbele na nyuma. Kilitaja ubao, kilitaja mchanga, kilitaja hata tabia njema. Kuhusu mzee kunyosha mkono hakikusema kitu. Wakatikisa kofia: aendelee.

Lutengano akavua koti, akavua sweta, akarudi nyuma hatua thelathini. Akauangalia ule mkono. Akakimbia. Wanasema waliokuwepo kwamba hakuruka kama wengine, waliokuwa wakipanda juu na kushuka. Yeye alikwenda moja kwa moja kama mtu aliyechelewa nyumbani. Alitua, akayumba, na mzee akamdaka kwa kola.

Walipima. Wakapima tena. Mwamuzi mmoja akaenda kutafuta futi nyingine, wakapima na hiyo. Mita saba na sentimita thelathini na moja. Uwanja ukalipuka, na Lutengano alikuwa bado ameshikwa kola, hataki kuachwa.

Ikaja saa ya kupewa medali. Bendera ya taifa lake haikuwepo, mbeba bendera alikuwa nayo mezani kwa meya. Bendi nayo haikuwa na nota za wimbo wa taifa. Wakamwonyesha ishara: imba mwenyewe. Sasa wimbo wa taifa wa nchi ile ulikuwa umebadilishwa mara mbili mwaka huo, na Lutengano hakuujua ulio halali. Alisimama pale mbele ya watu elfu nane, akaimba kile alichokijua, alichokuwa akikiimba mama yake akitwanga: njoo jioni, njoo jioni, ugali hauliwi na mmoja. Watu elfu nane wakavua kofia. Mwenye ndevu nyekundu akainamisha kichwa.

Mheshimiwa Bwakila alifika alipokuwa anamalizia, kitambaa cha mezani bado kimechomekwa kolani. Akaipokea medali kwa niaba ya taifa. Picha ikapigwa ya watu ishirini na wanne. Mpiga picha akasema wajibane, wakajibana, na Lutengano aliyekuwa pembeni akatoka nje ya picha.

Simu ya maandishi iliyotumwa nyumbani alasiri ile ilisema: "Tumeruka. Taifa limesonga mbele mita saba."

*

Kurudi aliruhusiwa kukaa mbele ya meli. Akaandika barua kwa Waziri, kupitia kwa katibu: "Mtaro wa mama umeshaanza kufukiwa?" Jibu likaja siku ya tano: "Swali lako limepokelewa kwa furaha kubwa." Alilisoma jibu hilo mara nyingi, na kila akilisoma alipata tumaini jipya, maana alikuwa mtu mwema.

Bandarini kulikuwa na hotuba siku mbili. Siku ya tatu walimpandisha gari la wazi wakampeleka kwao. Toka mbali aliona bendera, viti, turubai, umati. Akasimama garini, shingo ameinyosha, anatafuta udongo mpya mahali pa mtaro.

Mtaro ulikuwepo. Na ulikuwa umepanuliwa.

"Ndugu wananchi!" Mheshimiwa Bwakila alikuwa ameshashika karatasi. "Wapo waliodhani tungeufukia mtaro huu. Kuufukia! Mtaro uliotuletea ushindi! Nchi yenye shukrani haimfukii mwalimu wake. Kwa sababu hiyo wizara yangu imeupanua, kutoka mita sita na nusu hadi mita saba na sentimita thelathini na moja kamili, ili kila raia atakayepita hapa aone kwa macho yake ukubwa wa shujaa wetu. Umepimwa na Idara ya Vipimo. Haukuzidi, haukupungua!"

Lutengano alishuka garini. Akasogea ukingoni. Ukingo wa mjini waliusogeza ndani, kwa kuwa viti vya wageni vilihitaji nafasi. Nafasi hiyo yote, na zile sentimita themanini na moja juu yake, walizikata upande wa Bi Sikitu. Mpapai haukuwepo. Ua wote ulikuwa umebaki utepe mwembamba wa udongo, mtaro umefika karibu na kizingiti cha jiko, na Bi Sikitu alikuwa amesimama mlangoni ameshika miimo kwa mikono miwili.

Alikuwa amekonda. Baadaye Chitumbi alimweleza mtu kwamba alirusha unga kila wiki, na chumvi, ila mkono wake si mzuri, na mara mbili katika tatu vilidondokea ndani, na yeye hakuruhusiwa kushuka kuvichukua.

"Umerudi, baba," Bi Sikitu akaita. "Umekula?"

"Nimekula, mama."

"Uongo. Mashavu yameingia ndani."

Umati ukaanza kupiga makofi kwa mapigo. Aruke! Aruke! Uzinduzi ulikuwa umepangwa hivyo, na utepe ulikuwa umefungwa ukingoni ili aukate kwa kifua. Lutengano aliupima mtaro kwa macho. Ile ya uwanjani aliiruka mara moja tu maishani, na hakujua aliitoa wapi. Akipungukiwa kidogo ataonekana ndani ya mtaro, na kuonekana ndani ya mtaro ni kifungo, mtu awe shujaa au asiwe. Aliogopa, nami sitamficha. Alirudi nyuma hatua moja.

Bi Sikitu aliona. "Usiruke!" akapiga kelele. "Unanisikia? Nenda mjini, utafute chumba, uoe. Mimi nimeshazoea."

"Anasema nini huyo mama?" akauliza Waziri.

"Anashangilia, Mheshimiwa," akajibu katibu.

"Siku zote hizi umezungumza na nani, mama?" Lutengano akauliza.

"Na kuku," akasema Bi Sikitu. "Wamebaki wawili."

Lutengano akavua viatu alivyopewa na serikali, akaviweka sambamba. Akarudi nyuma hatua thelathini, watu wakampisha. Akafunga mgongoni begi dogo la unga alilolinunua bandarini.

"Mama," akaita, "nyosha mkono."

Bi Sikitu alitikisa kichwa. Kisha akaachia mwimo mmoja, akaunyosha mkono nje ya mlango.

Alikata utepe. Alipita hewani. Alitua kwenye kizingiti kwa vidole vya miguu, mama akamdaka kwa kola, wakaangukia jikoni wote wawili, sufuria zikabingirika. Ng'ambo watu walirusha kofia. Hawakuona ndani, hawakujua kwamba waliokuwa sakafuni walikuwa wameshikana.

"Vizuri sana!" akanguruma Waziri. "Sasa arudi!"

Lutengano akainuka, akatazama. Kutoka mekoni hadi kizingitini kulikuwa na hatua tatu. Zamani alikuwa na ua mzima wa kukimbilia. Kwa hatua tatu mtu haruki hata mfereji wa maji machafu. Akasimama mlangoni, akawatazama, nao wakamtazama. Wakangoja. Msoma hotuba akasoma hotuba nyingine kuziba pengo. Jua likakaza, wageni wakaanza kuangalia saa, kisha viti vikakunjwa.

Bwana Chitumbi alifungua daftari, akaandika: "Raia amepita hewani. Hakuna kosa." Akaruka mstari mmoja, akauacha wazi kwa ajili ya kurudi. Mstari huo upo wazi mpaka leo.

*

Medali imewekwa wizarani, ndani ya kioo. Idara ya Vipimo ilimwandikia Lutengano barua ya onyo kwa utoro kazini, lakini barua haijafika, kwa kuwa tarishi wa kuipeleka ni yeye. Chitumbi anaendelea kurusha unga, na mkono wake umeanza kupata shabaha. Ombi la ubao limepelekwa tena Wizara ya Madaraja, nayo imeuliza kama siku hizi kuna mto.

Kila mwaka, siku ile ile, msafara unakuja. Viti vinapangwa, bendi inakaa, shada la maua linawekwa ukingoni, Mheshimiwa anakohoa na kufungua karatasi. Nyuma ya wageni husimamishwa watoto wa shule waione nyumba ya shujaa kwa mbali. Mama na mwana hukaa mlangoni kwao wakisikiliza. Kiti cha tatu kipo, cha jirani.

Mwaka huu upepo ulikuwa mkali, maneno hayakuvuka vizuri.

"Wanasema nini?" Bi Sikitu akauliza.

"Wanasema tumeshinda, mama."

Bi Sikitu akaendelea kuchekecha unga juu ya ungo.

"Waambie watutupie chumvi," akasema.

Lutengano akasimama, akaweka mikono mdomoni, akaita. Lakini ng'ambo walikuwa wamekwisha kusimama wima, na bendi ilikuwa imeanza kupiga.